Heko, Mzee Abdilatif

Hapa Kighare, Tanzania, wazee bado wanaitaja mbiru. Mwaka 1945 watu walishuka milimani hadi Same, wakapiga kambi kuikataa kodi hiyo ya mkoloni. Kwa hiyo tunajua kumwambia mtawala "hapana" kuna gharama yake, na pongezi zangu leo zinavuka mpaka, zinakwenda kwa mzee wa Mombasa, Abdilatif Abdalla.

Mwaka 1968 aliandika waraka, *Kenya: Twendapi?*, akiihoji serikali ya Kenyatta. Alikuwa kijana wa miaka 22 tu. Wakamfunga miaka 3. Huko gerezani tungo zake aliziandika kwenye karatasi za chooni, tena kwa siri, zikapenyezwa nje. Karatasi za chooni! Na sisi wenye madaftari na meza tunalalamika hatuna nafasi ya kuandika.

Alipotoka mwaka 1972 alikuja kwetu, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Diwani ya tungo hizo, *Sauti ya Dhiki*, ikachapishwa 1973. Mwaka uliofuata ikapewa tuzo ya fasihi yenye jina la Jomo Kenyatta, rais yule yule ambaye serikali yake ilimfunga.