Anga Aliloliacha Tupu

Juzi tumeletewa video ya harusi ya mpwa wangu. Kamera haitulii: mara keki, mara viatu vya bwana harusi, mara droni juu ya mapaa. Nilikuwa namtafuta shangazi yangu, aliyefariki wiki chache baada ya shughuli. Nilimpata akianza kucheka. Kabla kicheko hakijafika machoni, tumeshapelekwa kwenye keki tena.

Usiku huo nilirudia filamu ninayoikimbilia roho inapochafuka: *Ko to tamo peva*, yaani Nani Anaimba Kule, ya Slobodan Šijan, 1980. Mpiga picha wake ni Božidar Nikolić.

Ni tarehe 5 Aprili 1941. Basi bovu la mzee Krstić linakokota abiria kwenda Belgrade: mzee anayemfuata mwanawe kambini, mgonjwa wa kifua, mwindaji, maarusi wapya, Waroma wawili na kodiani yao. Picha zilipigwa kwenye mchanga wa Deliblato, na Nikolić hakuipamba nchi ile. Rangi zake ni za vumbi, za koti lililovaliwa miaka mingi. Kamera yake inasafiri kama abiria mwenzao aliyelipa nauli, anayetazama bila kumcheka mtu.

Kuna pale mzee Krstić anapojigamba kwamba mwanawe Miško anaweza kuendesha akiwa amefungwa macho. Kitambaa kinafungwa, basi linakwenda. Kinachonikaa moyoni ni upana wa nchi: njia ya vumbi, tambarare, na anga tupu juu ya kibasi kile kidogo. Unacheka, kwani atagonga nini huko? Asubuhi ya pili ndege za Wajerumani zinaishambulia Belgrade, na katika basi lile wanabaki Waroma wawili tu. Ndipo unapotambua kwamba lile anga ulilolipuuza lilikuwa likikutazama safari nzima.

Nikolić alishika tena kamera ya Šijan mwaka 1982, katika kichekesho cheusi cha ukoo wa wazishi, na mwaka 1984 akaketi kiti cha mwongozaji pamoja na Dušan Kovačević, mwandishi wa filamu zote hizo, kwa *Balkanski špijun*. Mwaka 1996 akademia ya wanafilamu wa Yugoslavia iliichagua ile ya basi kuwa filamu bora ya Kiserbia ya karibu nusu karne. Sifa hizo ni haki yake. Mimi namshukuru Nikolić kwa subira: alijua nini kiachwe wazi, na mtu atazamwe mpaka lini.

Siku hizi kila mfuko una kamera, na mkanda hauishi, basi hatuna sababu ya kusubiri. Miško alifungwa kitambaa, akaijua njia. Sisi tumefumbua macho, na kicheko cha shangazi sasa sina pa kukimalizia.