Ufundi wa Kumwandikia wa Mbali

Ukiuliza historia ya mkoa wa Mara, Tanzania, kwa wazee wa kiume, utapewa chimbuko: mwanzilishi wa ukoo alitoka wapi, akapiga kambi kilima gani. Jan Bender Shetler, mwanahistoria aliyekusanya masimulizi ya mkoa huu kwa miaka mingi, alionyesha katika kitabu chake cha 2019 kwamba akina mama hukumbuka kwa njia nyingine. Mwanamke aliolewa akahamia kwa watu. Kumbukumbu yake ikafuata shangazi, binti na rafiki, ikivuka mipaka ya makabila. Mji wa Musoma mkoani humo, kuanzia mtaa wa Bweri hadi ziwani, umejaa ndugu wa namna hiyo. Historia ya wanaume huanza na "sisi tulitoka", ya akina mama huanza na "wewe u hali gani?", na ndiyo maana naiona kuwa ndugu wa barua.

Fundi mkubwa wa historia ya namna hii katika maandishi ni Sayyida Salme, binti wa Sultani Seyyid Said, aliyezaliwa Unguja 1844. Alijifunza kuandika kwa siri, akinakili herufi za msahafu juu ya mfupa wa bega la ngamia, na mwaka 1859 kalamu hiyo ikatumika katika njama ya kaka yake Barghash dhidi ya kaka yao Majid, aliyekuwa sultani. Baadaye aliolewa na Mjerumani akawa Emily Ruete, kisha mjane huko Ujerumani. Kumbukumbu zake za 1886 zinawafafanulia Wajerumani Unguja. Barua zake kwa rafiki wa Unguja zinageuza kibao: Hamburg ndiyo sasa inayofafanuliwa, na mwenyeji wa Ulaya ndiye kioja.

Utasema barua hizo ni za kubuni, kwa kuwa ziko kwa Kijerumani, nazo hazikuchapishwa katika uhai wake, uliokoma 1924. Sawa, lakini msomaji wa kubuni bado huongoza mkono. Kwa rafiki huwezi kujisifu kupita kiasi, wala kueleza anachokijua. Pingamizi zito ni jingine: binti huyu wa jumba aliutetea utumwa. Hilo barua haziwezi kulifuta, wala sioni sababu ya kumtetea. Wanawake waliomhudumia hawakuwa na mfupa wa ngamia wala kalamu; historia yao ilihitaji mtu wa kuketi na kuwasikiliza, kama walivyosikilizwa akina mama wa Mara, na hakuja.