Ngoma Yenye Mlango

Msondo, ngoma ya unyago, haupigwi ukiwa baridi. Huotwa moto kwanza mpaka ngozi ikaze. Mpigaji huigonga kwa kiganja, akasikiliza, na kama bado inalia nzito huirudisha motoni. Bi Kidude, Fatuma binti Baraka, mwimbaji wetu wa Zanzibar, alikuwa akijifunga ngoma ile kiunoni kwa kanga, akaipanda, ikawa baina ya mapaja yake, mikono yote miwili ikishuka mbele. Ajuza peku, na hakuna aliyediriki kumwambia akae vizuri.

Unyago, mafunzo ya mwari anayeingia utu uzima, tuliletewa Zanzibar na watu wa bara, Wayao na Wanyasa na wengineo, wengi wao wakiwa wameletwa utumwani. Katika mitaa ya Ng'ambo ukapata makao. Ni sanaa ya watu wazima, inayotaja mwili na kitanda bila kigugumizi, na wenyewe ni wanawake: anayecheza ndiye mtunzi, ndiye mwongozaji. Hapana bwana aliyesimama pembeni akiamrisha kiuno kiende vipi.

Namkumbuka kungwi mmoja wa Kikwajuni. Alijipiga kilemba akawa mume anayerudi kutoka pwani, mchovu, mkali, anataka chakula na mke kwa pumzi moja. Tulicheka mpaka machozi. Mwari alikuwa amefunikwa kanga gubigubi, mabega yakimtikisika kwa kicheko. Halafu ngoma ikapunguzwa. Kungwi akarudia mwendo ule ule polepole, safari hii akiwa mke, akimshika mkono mume asiyeonekana na kumsubirisha. Hakutamka neno. Mwari akaelewa kwamba naye ana fungu lake katika raha, na kwamba haki yake haiombwi kwa kunong'ona. Sijaona mchezo wa kuigiza uliosema mengi zaidi kwa vitu vichache kiasi kile.

Dunia ilimjua Bi Kidude: tuzo ya WOMEX mwaka 2005, kisha mwaka 2006 filamu ya Andy Jones, *As Old as My Tongue*. Tukampigia makofi Ngome Kongwe pia. Lakini jukwaani tulipewa sauti na ngoma; mafunzo ya mwari yalibaki kwa mwari. Alifariki tarehe 17 Aprili 2013.

Sasa mlango uliohifadhi mafunzo hayo umevunjwa, na tuliouvunja ni sisi wenyewe tulioalikwa ndani. Simu inainuliwa, nusu dakika inakatwa, inarushwa. Kinachosafiri ni kiuno kitupu: hakuna mume mchovu, hakuna mkono unaosubirisha, hakuna mwari. Mama wa watu anatazamwa na wasiomjua, na pengine na mwanawe, wala hakuulizwa. Kisha tunasema ngoma hizi zimekuwa za aibu! Aibu ni ya aliyeiba, wala si ya aliyecheza.

Makungwi waliobaki ni wazee. Dada yangu, ukialikwa, simu iache nyumbani. Na ukitaka kuirekodi sanaa hii isipotee, kamuulize kungwi kwanza, akikataa, mkubalie.