Sentensi moja, majibu manne: ninakosoa silabisi yetu ya briji

Leo sikosoi kitabu cha mtu mwingine. Ninakosoa silabisi ya kurasa 14 ambayo mimi na mwenzangu mmoja tuliandika kwa Kiswahili ili kufundisha wadogo zetu mchezo wa karata unaoitwa briji. Tuliigawa bure, tukapongezwa, na tukafurahi. Halafu ikafika Jumamosi moja, mu Katuba, watu wanne wakakaa ku meza na zoezi la ukurasa wa 9. Zoezi lenyewe njo hili:

«Kusini amechukua mkataba wa 4 shupaza. Yuko katika hatari. Magharibi anakata. Kusini anakosa leve mbili. Hesabu alama anazopoteza.»

Wa kwanza akasema 100. Wa pili 200. Wa tatu 300. Wa nne 500. Tukaanza kubishana, sauti zikapanda, mpaka mama mwenye nyumba akatoka jikoni kuuliza kama tunacheza feza. Nikachukua karatasi nihesabu mwenyewe, kusudi niwaonyeshe nani amekosea. Kumbe hakuna aliyekosea. Wote wanne walihesabu vizuri. Aliyekosea ni mwandishi.

Kwa asiyejua briji, nieleze kidogo. Wachezaji ni wanne, wawili dhidi ya wawili, wanaotazamana. Kila mmoja anapokea karata 13. Kwanza kuna mnada: kila upande unaahidi kuchukua leve kadhaa, na anayeahidi zaidi anapata mkataba. Leve ni zile karata nne zinazoshuka mezani, mwenye karata ya nguvu anazibeba. Mkataba wa 4 shupaza maana yake ni kuahidi leve 10 juu ya 13, shupaza ikiwa turufu. Mpinzani asiyeamini ahadi hiyo anaweza kusema «kontra», na hapo adhabu ya kushindwa inapanda. Tena kuna hali inayoitwa kwa Kifaransa «vulnérable», sisi tuliita «katika hatari»: upande ulio katika hali hiyo unapata zawadi kubwa ukifaulu mkataba wa namna hii, na adhabu kubwa ukishindwa.

Sasa rudi ku zoezi. Ku ukurasa wa 3, «katika hatari» ni ile hali ya alama. Lakini ku ukurasa wa 7 tumeandika «mkataba uko katika hatari» tukitaka kusema tu kwamba mambo yanakwenda mbaya. Ku ukurasa wa 4, «kukata» ni kusema kontra. Ku ukurasa wa 6, «kukata» ni kupiga turufu wakati huna karata ya rangi iliyochezwa. Maneno mawili, kila moja na maana mbili: mbili mara mbili ni nne. Bila hatari na bila kontra, kukosa leve mbili ni alama 100. Katika hatari bila kontra, 200. Kontra bila hatari, 300. Kontra na hatari pamoja, 500. Kila mwanafunzi alichagua mlango wake, na milango yote tulifungua sisi.

Mdogo wetu mmoja wa kike, wa mwaka wa kwanza mu uchumi, akaniambia kwa upole: «Yaya, Kiswahili hakinaka maneno ya vitu kama hivi. Mungeandika tu mu Kifaransa, ingetosha.»

Ile neno iliniuma kuliko ugomvi wa alama. Juu kama yeye ana haki, basi yote tunayoandika hapa, kwamba luga yetu inaweza kubeba elimu, ni maneno ya kupendezesha tu. Kwa hiyo nilirudi nyumbani nikasoma silabisi yetu upya, na kalamu nyekundu mkononi, kama vile ingekuwa kazi ya mtu nisiyemjua.

Kosa la kwanza: kubadilisha maneno bila sababu. Ukurasa wa 1 unasema «turufu». Wa 3 unasema «atu», kutoka Kifaransa. Wa 5 unasema «karata mkubwa». Msomaji mpya anafikiri ni vitu vitatu. Na yule mchezaji ambaye karata zake zinafunguliwa mezani, Wafaransa wanamwita «le mort»; sisi tulimwita mfu, tena maiti, tena marehemu. Mtu aliniuliza kama marehemu ni yule aliyeshindwa. Namna ya Blackwood, ile ya kuuliza mwenzako ana as ngapi kwa kusema 4 bila turufu, iko ku ukurasa wa 10 kwa jina lake, na ku ukurasa wa 12 inaitwa «swali la as». Vijana wawili walijifunza Blackwood na wakasubiri somo la ile ingine.

Kosa la pili: namba na rangi. Tuliandika «4 kopa» na «kopa 4» vile vidole vilivyopenda. Katika vitabu na majarida mengi ya briji kuna desturi nyepesi: kama ni ahadi ya mnada, namba inatangulia rangi, 4♥; kama ni karata yenyewe, rangi inatangulia namba, ♥4. Ukishajua hiyo, hauna lazima ya maelezo. Sisi tuliandika «Mashariki akaweka 4 kopa», na msomaji hajui kama Mashariki ameahidi leve 10 ao ameshusha karata ndogo.

Kosa la tatu: herufi. Hili njo linanichekesha na kunihuzunisha pamoja. Michoro ya briji inaita wachezaji kwa pande nne za dunia. Wafaransa wanaandika N, E, S, O na hawagongani. Sisi tulichukua herufi ya kwanza bila kufikiri: Kaskazini K, Kusini K, Mashariki M, Magharibi M. Watu wanne, herufi mbili! Tena mfalme na malkia wote wanaanza na M. Tena mwenzangu alinakili mchoro mmoja kutoka kitabu cha Kiingereza, ambamo K ni mfalme, na mimi nikanakili mwingine kutoka cha Kifaransa, ambamo mfalme ni R. Mu ukurasa mmoja, K ilikuwa Kaskazini, Kusini na mfalme.

Kosa la nne ni dogo lakini lilisimamisha mchezo mzima. Tuliandika: «Mnada unaisha wakati watu watatu wamefuatana kukaa kimya.» Mu briji kukaa kimya si kitu. Kupita ni tendo: lazima useme «pasi» ao uonyeshe karata yake. Siku ya kwanza watu watatu walikaa kimya kweli kweli, wa nne akasubiri, na sisi wote tukatazamana kama tuko ku kilio.

Kusema haki, silabisi ina sehemu moja nzuri, na inatufundisha kitu. Ukurasa wa 2 unafundisha kupima nguvu ya karata: as alama 4, mfalme 3, malkia 2, jeki 1, jumla 40 kwa karata zote 52. Mu ukurasa ule kila kitu kina jina moja tu toka juu mpaka chini, na mu miezi yote hii sijaona mtu mmoja aliyekosea kuhesabu. Kiswahili ni kile kile. Mwanafunzi ni yule yule. Tofauti ni kwamba pale tulishika neno letu.

Basi ugonjwa ulitoka wapi? Mimi nafikiri ulitoka darasani. Kumbuka insha za sekondari: ukitumia neno moja mara mbili, mwalimu anazungusha duara nyekundu na kuandika «rép.» pembeni. Tulijifunza kwamba mtu mwenye akili anabadilisha maneno. Kwa hadisi ya safari, sawa. Lakini mu kanuni za mchezo, mu dawa, mu sheria, mu kazi ya mwisho wa masomo, kubadilisha jina ni kubadilisha kitu. Tulipamba silabisi kama insha, na mapambo njo yaliiua.

Ku wale wanaosema tatizo ni Kiswahili, nawajibu kwamba hata wenye mchezo walipita njia hii. Mwaka 1925, Mmarekani Harold Vanderbilt alikuwa ndani ya meli Finland, akisafiri kutoka Los Angeles kwenda Havana kwa njia ya mfereji wa Panama, na huko akajaribu na wenzake watatu namna mpya ya kuhesabu alama. Walikosa neno la kuita upande ambao tayari umeshinda gemu moja. Vanderbilt mwenyewe alisimulia kwamba msichana mmoja, abiria, njo aliyewapa neno «vulnerable». Neno la kawaida kabisa, lililookotwa ku meli. Nguvu yake ni kwamba walilishika, na leo lina maana moja ku meza zote.

Wala hawajamaliza. Kiingereza kinasema «hand» kwa karata 13 za mtu mmoja, na watu wengi wanasema «hand» pia kwa mgao mzima wa watu wanne; kanuni rasmi zililazimika kutenga: mkono ni wa mmoja, mgao ni wa wote. Kanuni hizo hizo zinatenga ahadi na tamko: pasi na kontra ni matamko, lakini si ahadi. Na Kifaransa, ambacho mdogo wetu anakiamini, kinasema «couper» kwa kupiga turufu na pia kwa kukata karata kabla ya kugawa. Kosa letu la «kukata» tulilianzia hapo hapo! Mwaka 1964 Wamarekani walitoa ensaiklopidia nzima ya briji, ambamo maneno ya mchezo yanaelezwa moja moja. Usahihi hawakuzaliwa nao. Waliufanyia kazi.

Na sisi hatuanzi na mikono mitupu. Kopa, uru, pau, shupaza, turufu: haya yote yamo katika kamusi za Kiswahili tangu zamani, na yote yalitoka kwa Wareno. Kwa hiyo mukubwa mmoja aliyenilaumu kwamba «leve» na «kontra» si Kiswahili safi, namwomba aniambie kwanza kama turufu ni safi. Sidai tuseme kama Unguja, wala sidai tuache Kiswahili cha Lubumbashi. Neno likitoka pwani, vizuri. Likitoka Kifaransa, vizuri pia. Ninadai kitu kimoja: ukishalichagua, lieleze mara ya kwanza, na usiliache mpaka ukurasa wa mwisho.

Tumeandika upya, kurasa 11 badala ya 14. Kontra ni kontra. Kupiga turufu ni kupiga turufu. Kukata ni kukata karata kabla ya kugawa, basi. «Katika hatari» ni ya alama peke yake; mkataba unaokwenda mbaya «unayumba». Wachezaji ni Kas, Kus, Mas, Mag. Mfu ni mfu, na marehemu wapumzike. Blackwood inabaki Blackwood. Ku mwisho kuna ukurasa mmoja wa maneno, kila neno na maana yake moja.

Jumamosi iliyopita tulirudia zoezi la ukurasa wa 9 na watu wanne wapya. «Kusini amechukua 4♠, katika hatari. Magharibi anasema kontra. Kusini anakosa leve mbili.» Wote wakasema 500. Yule mdogo wetu wa uchumi alikuwa amesimama nyuma yangu. Hakusema kitu juu ya Kiswahili. Aliomba tu aazime kalamu nyekundu, juu kazi yake ya kozi ya takwimu inaita kitu kimoja mara «wastani», mara «kadiri», mara «katikati», na asista amemurudishia.

Wewe pia, fungua kazi yako ya mwisho, chukua neno lake kubwa kuliko yote, na uhesabu umeliita majina mangapi. Utuandikie hapa chini jibu. Langu lilikuwa matatu.