Kambi na Kijiji: Uhakiki wa Fasihi ya Kizuizini Nchini Kenya

Fasihi ya Kenya ihusuyo miaka ya Hali ya Hatari, 1952 hadi 1960, imejaa kambi. Manyani, Mackinnon Road, Lang'ata, Kisiwa cha Manda, Lodwar, Hola: majina haya yamezoeleka hata kwa msomaji ambaye hajapata kufika huko, maana waandishi wameyataja mara nyingi. Hata hivyo, sehemu kubwa ya raia waliofungiwa katika miaka hiyo haikupelekwa katika kambi hizo. Kati ya Juni 1954 na mwisho wa 1955 serikali ya kikoloni iliwahamisha zaidi ya watu milioni moja, Wagikuyu, Waembu na Wameru, ikawaingiza katika vijiji vipya zaidi ya 800. Wengi wao walikuwa wanawake, watoto na wazee. Watu hao wana nafasi ndogo mno vitabuni. Makala haya yanakusudia kuchunguza ni kwa nini waandishi waliifuata kambi wakakipita kijiji, na kuonyesha kwamba jambo hilo lina asili yake katika lugha na katika fani ya masimulizi yenyewe.

Jina na kitu

Desturi ya kuwafungia raia wengi pamoja bila kuwashtaki ina historia yake, na historia hiyo ni ya majina pia. Mwaka 1896 Jenerali Weyler wa Hispania aliwaamuru wakulima wa Kuba wahamie katika miji iliyolindwa na askari, ili wapiganaji wakose chakula na habari. Maelfu kwa maelfu walikufa kwa njaa na maradhi. Miaka michache baadaye Waingereza walifanya vivyo hivyo katika vita vyao na Makaburu huko Afrika Kusini. Mashamba yalichomwa moto, wanawake na watoto wakakusanywa katika mahema. Kiasi cha Makaburu 28,000 walikufa humo kabla ya vita kwisha mwaka 1902, wengi wao wakiwa watoto. Waafrika nao walikuwa na kambi zao mbali na hizo, na waliofia humo hawakupungua 14,000. Katika karatasi za serikali kambi za Makaburu ziliitwa kambi za wakimbizi, ingawa wengi waliokuwamo hawakukimbia. Waliletwa kwa nguvu. Mwaka 1950 Waingereza haohao walianza kuwahamisha wakulima wa Malaya, zaidi wale wa asili ya Kichina, na makao waliyopelekwa yakaitwa vijiji vipya. Kutoka Malaya mbinu hiyo ililetwa Kenya, na jina lake likaja pamoja nayo.

Jina hilo lilifanya kazi kubwa. Kwa msomaji wa Kiswahili neno "kijiji" lina upole ndani yake: lamletea picha ya majirani, kisima, na njia ya kwendea shamba. Wagikuyu, kwa desturi yao, hawakuishi vijijini. Kila jamaa ilikuwa na boma lake juu ya mgongo wa kilima, karibu na shamba lake, na boma la jirani lilikuwa mbali kidogo. Kwa hiyo kijiji cha 1954 hakikuwa makao ya zamani yaliyowekewa ulinzi. Kilikuwa kitu kipya kabisa, kilichojengwa baada ya nyumba za kwanza kubomolewa au kuchomwa. Kilizungukwa na handaki lililochomekwa miti iliyochongwa ncha, na mara nyingi seng'enge pia, na kilitazamwa kutoka kituo cha homgadi. Handaki lilichimbwa na wenyeji wenyewe, wengi wao wanawake, kwa kazi ya kulazimishwa. Saa za kutoka na za kurudi ziliwekwa kwa amri, na kijiji kilichoadhibiwa kiliweza kufungwa karibu usiku na mchana. Watu walikosa kulima, na njaa ikaingia.

Yupo atakayesema kwamba kijiji si kambi, kwa kuwa mtu alilala na watoto wake na siku nyingine akaruhusiwa kwenda shambani. Hoja hiyo ina uzito, na wanahistoria hawajaafikiana juu yake. Caroline Elkins, katika kitabu chake cha 2005, alihesabu vijiji pamoja na kambi na kusema kwamba karibu Wagikuyu wote walifungiwa. Kwa upande wa kambi peke yake, serikali ya kikoloni ilikubali idadi ya watu kiasi cha 80,000. Elkins anakadiria kati ya 160,000 na 320,000, na makadirio hayo yamepingwa na wenzake kadha. Lakini mhakiki hahitaji kungoja hesabu ziishe. Maswali ya kupimia ni mawili: je, mtu aliweza kuondoka kwa hiari yake? Je, aliambiwa kosa lake mbele ya hakimu? Jibu la maswali yote mawili ni lilelile kijijini na Manyani.

Safari ya mfungwa

Kitabu cha kwanza kuifanya kambi ijulikane kwa wasomaji wengi ni kile cha Josiah Mwangi Kariuki, Mau Mau Detainee, kilichotolewa mwaka 1963 na baadaye kutafsiriwa kwa Kiswahili kwa jina la Mau Mau Kizuizini. Kariuki alifungiwa kutoka 1953 hadi 1960 na kupitishwa katika kambi 14. Nguvu ya kitabu chake ni utaratibu. Anaeleza jinsi wafungwa walivyojiwekea sheria na viongozi, walivyofundishana kusoma na kuandika, na jinsi yeye mwenyewe alivyoandika barua za malalamiko na kuzitoa kambini kwa siri. Msomaji anaona umma ukijitawala ndani ya seng'enge kabla ya taifa kujitawala. Wakuu wa kambi walikuwa na mpango wao, ambao waliufananisha na bomba: mtu aliingizwa akihesabiwa "mweusi", akapitishwa kwenye kambi za "kijivu", akatoka "mweupe" akiisha kuungama kiapo. Kariuki anaugeuza mpango huo. Katika masimulizi yake kila kambi inakuwa darasa la juu zaidi la uthabiti, na bomba lililokusudiwa kumsafisha linakuwa njia ya kumkomaza.

Gakaara wa Wanjau alichagua njia nyingine. Alikamatwa Oktoba 1952, Hali ya Hatari ilipotangazwa, kwa sababu ya maandishi yake, na shajara aliyoiandika kizuizini ilitolewa kwa Kigikuyu mwaka 1983, ikapata Tuzo ya Noma mwaka uliofuata. Kariuki aliandika kwa Kiingereza, na utangulizi wake ulitiwa na mtaalamu wa Uingereza, Margery Perham. Kitabu chake, kwa hiyo, kina sauti ya mtu anayetoa ushahidi mbele ya baraza la wageni. Gakaara anazungumza na watu wa nyumbani. Tarehe zake, majina yake na mambo yake madogo ya kila siku yana thamani ya ushahidi ambayo kumbukumbu za baadaye haziwezi kuipata kwa urahisi, kwa kuwa aliyekuwa akiandika hakujua mwisho wa kisa chake.

Pamoja na tofauti hizo, vitabu hivi viwili vina mjengo mmoja, nao ni safari. Mtu anaondolewa kwake, anapita mahali pa dhiki pamoja na wenziwe, anajaribiwa, anarudi. Mjengo huu ni wa kale katika masimulizi ya Kiafrika na ya mataifa mengine, na ndio unaompa msomaji hamu ya kufungua ukurasa wa pili. Hata neno lenyewe la Kiswahili laufuata. "Kizuizi" latokana na "kuzuia", na anayezuiwa ni yule aliyekuwa akienda mahali. Mwanamke aliyechomewa nyumba na kuhamishiwa ng'ambo ya pili ya kilima hakuwa na safari ya kusimulia. Alifungiwa karibu na kwao. Fani iliyowafaa wanaume wa Manyani haikumfaa yeye, na lugha haikumpa jina. Hapo ndipo pengo lilipoanzia.

Mumbi na handaki

Riwaya ya Ngũgĩ wa Thiong'o, A Grain of Wheat (1967), ndiyo iliyolikaribia pengo hilo zaidi. Wanaume wake wakuu ni watu wa kizuizini. Mugo amepitia kambi ya Rira, ambayo ni ya kubuni, ingawa wafungwa 11 wanaofia humo wanamkumbusha kila msomaji mauaji ya Hola ya tarehe 3 Machi 1959. Huko wafungwa 11 walipigwa hadi kufa, na tangazo la kwanza la serikali likasema kwamba walikufa baada ya kunywa maji. Gikonyo amekaa kizuizini miaka sita, ameungama kiapo ili arudi kwa mkewe, na anaporudi anamkuta Mumbi na mtoto wa Karanja.

Lakini Ngũgĩ anampa Mumbi nafasi ya kueleza. Anaeleza nyumba zilivyochomwa, kijiji kipya cha Thabai kilivyojengwa na wanawake kwa mikono yao, handaki lilivyochimbwa kwa viboko na njaa. Hapo tu ndipo msomaji anapofahamu kwamba kosa ambalo Gikonyo anamhukumia mkewe lilitendeka ndani ya kifungo. Karanja alikuwa na chakula na mamlaka. Mumbi alikuwa na handaki mbele na handaki nyuma. Gikonyo anadai heshima ya mateso yake ya kambini wala hamkadirii mwenziwe mateso ya aina hiyohiyo. Huu ndio uchungu wa riwaya, nao watokana na tofauti ya majina: mume alikuwa "kizuizini", mke alikuwa "nyumbani".

Hata hivyo mtunzi hakufika mwisho wa njia. Mumbi anamsimulia Mugo, na maneno yake yanatumika kuisukuma toba ya Mugo. Mugo mwenyewe alikamatwa handakini alipomkinga mwanamke aliyekuwa akipigwa; riwaya inamfuata Mugo hadi Rira, na mwanamke anabaki handakini. Kijiji kinaingia katika kisa kama sababu ya mambo ya wanaume.

Wanawake wenyewe walijaribu fani nyingine. Charity Waciuma, katika Daughter of Mumbi (1969), anaitazama miaka hiyo kwa macho ya msichana anayekua. Muthoni Likimani, katika Passport Number F.47927 (1985), anaacha kabisa mjengo wa safari. Kitabu chake ni visa mbalimbali vya wanawake mbalimbali: kazi ya lazima, upekuzi, na taabu ya kutafuta kibali cha kukaa au kusafiri. Wako watakaokilaumu kwa kukosa shujaa mmoja na kwa lugha yake ya wazi isiyo na mapambo. Lawama hiyo haina haki. Maisha ya kijiji hayakuwa na kilele, yalikuwa na marudio: kila alfajiri filimbi, kila jioni hesabu ya watu. Visa vifupi vinavyorudia hali moja kwa watu wengi vinaushika ukweli huo kuliko riwaya iliyopangwa vizuri.

Hali ya Kiswahili

Kiswahili nacho kina utungo wake mkuu wa kifungo, Sauti ya Dhiki ya Abdilatif Abdalla, iliyotolewa mwaka 1973 na kupata Tuzo ya Kenyatta mwaka 1974. Lakini Abdilatif alikuwa mfungwa aliyehukumiwa na mahakama katika Kenya huru, akakaa peke yake hadi Machi 1972. Alijua kosa aliloshtakiwa na idadi ya miaka yake, na utungo wake ni wa nafsi moja inayoshindana na ukuta. P. M. Kareithi alitoa Kaburi Bila Msalaba mwaka 1969, na maelezo chini ya jina la kitabu yanasema wazi kwamba ni hadithi ya vita. Seli ina mshairi wake na msitu una msimulizi wake. Kijiji cha 1954 hakijapata nafasi ya katikati katika riwaya na tenzi za Kiswahili zinazosomwa sana.

Haiwezi kusemwa kwamba Kiswahili hakina chombo. Abdul Karim bin Jamaliddini alitunga utenzi juu ya Vita vya Maji Maji, na watu wengi wanaoteseka pamoja wakaenea katika beti zake bila kuhitaji shujaa mmoja. Wala haiwezi kusemwa kwamba mashahidi hawakupatikana. Mwaka 2013 serikali ya Uingereza ilikubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa ajili ya wadai 5,228 walioteswa wakati wa Hali ya Hatari, na wanawake walikuwamo. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake, na waliokilalia hiki wanapungua kila mwaka.

Mwaka 2015 mnara wa ukumbusho ulifunguliwa katika Bustani ya Uhuru, Nairobi. Juu yake mwanamke anampa mpiganaji chakula, na kila mmoja ameugeuza uso asimtazame mwenziwe. Mpiganaji huyo ana vitabu vingi. Chakula kile kilipatikanaje katika kijiji chenye njaa, kilivukaje handaki, na aliyekibeba alifanywa nini aliporudi na kukuta watu wakihesabiwa, ni mambo ambayo mwandishi wa Kiswahili bado anadaiwa.