Fedha au Risasi: Usimulizi na Historia katika Sehemu ya Kwanza ya Narcos

Sehemu ya kwanza ya tamthilia ya televisheni Narcos, iitwayo "Descenso", iliyoongozwa na José Padilha na kutolewa na Netflix mwaka 2015, inafunguliwa kwa tamko la kihakiki. Mtazamaji anapewa fasili ya uhalisia-ajabu, kisha anaarifiwa kuwa haikutukia bure mtindo huo kuzaliwa Kolombia. Tamko hili linastahili kuchunguzwa, kwani ndilo linaloelekeza namna ya kuupokea mkasa mzima wa Pablo Escobar.

Kihistoria, dai hilo halina mashiko. Istilahi yenyewe ilitumiwa na Mjerumani Franz Roh mwaka 1925 katika kujadili uchoraji. Mwaka 1949, Alejo Carpentier wa Kuba aliijadili dhana iliyo jirani nayo katika dibaji ya riwaya yake kuhusu Haiti. Gabriel García Márquez aliueneza mtindo huu ulimwenguni, hakuuasisi. Hata hivyo, uzito wa kosa hili haumo katika tarehe. Linaigeuza Kolombia kuwa nchi ya mazingaombwe, ambamo ukatili hautafutiwi chanzo bali hustaajabiwa tu.

Yanayotendeka yanampinga msimulizi. Mkemia aliyebandikwa jina la Cockroach anaponea chupuchupu kuuawa na askari wa Pinochet nchini Chile baada ya mapinduzi ya 1973, naye anaupeleka Kolombia ujuzi wake wa kutengeneza kokeini. Chimbuko la biashara hiyo, basi, limo katika siasa, wala si katika hulka ya taifa. Aidha, polisi wanapoyazuia malori ya Escobar, yeye hafyatui bunduki. Anawataja kwa majina, anagusia jamaa zao, kisha anawapa hiari: plata o plomo. Kiswahili kinaubeba msemo huu bila kupungukiwa: fedha au risasi. Katika lugha zote mbili, neno la kwanza ni madini na ni pesa. La pili ni madini na ni kitu kiuacho. Hapana muujiza hapo; pana taarifa, bei na tishio.

Swali linalosalia ni la umilikaji wa sauti. Msimulizi, Steve Murphy, ni afisa wa Marekani wa kupambana na dawa za kulevya. Anasimulia kwa nafsi ya kwanza, lakini kwa umaizi wa msimulizi wa nafsi ya tatu, hata mambo ambayo hakuyashuhudia. Wakolombia wanatenda kwa Kihispania. Maana ya matendo yao inatolewa kwa Kiingereza.

Baadhi ya wahakiki wa Kiswahili wameitumia istilahi hii kuzichambua Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi. "Descenso" inawatahadharisha. Uhalisia-ajabu ni nyenzo ya kuisaili historia. Ukitumiwa kama sifa ya watu fulani, huwa pazia la kuifunika. Ubora wa sehemu hii umo katika kile inachokionyesha, na udhaifu wake katika kile inachokisema.