Sifa za Mpishi wa Kande

Chungu cha kande kikishaiva, karibu kila kilichomo ndani yake asili yake ni mbali. Mahindi yalianza kulimwa Meksiko maelfu ya miaka iliyopita. Maharage nayo ni ya Amerika. Karanga zimetoka Amerika ya Kusini, nyanya na pilipili nazo ni za Amerika, na hata alizeti inayotupa mafuta ya kukaangia ililimwa kwanza na wenyeji wa Amerika ya Kaskazini. Kitunguu kimetoka Asia. Mazao mengi kati ya hayo yalivuka bahari baada ya merikebu za Wareno kuanza kuzunguka dunia, yakapenya bara shamba kwa shamba mpaka yakaifikia milima ya kusini. Pamoja na hayo yote, mpe mtu wa Ileje sahani ya kande akiwa ugenini, atakwambia leo amekula chakula cha kwao. Na hakosei. Mbegu ilikuja ikiwa mgeni, mpishi akaipa uenyeji. Huyo mpishi ndiye ninayetaka kumsifu.

Tumfuate Mbebe, kata ya wilaya ya Ileje, Tanzania, katika mkoa wa Songwe uliomegwa kutoka Mbeya mwaka 2016. Wilaya hii inapakana na Malawi, na mto Songwe ndio mpaka kwa sehemu kubwa. Kwingine mkoani, mji wa Tunduma unatazamana na Nakonde ya Zambia. Ni nchi ya Wandali, Walambya na Wanyiha, watu wenye ndugu ng'ambo ya mipaka. Vyakula navyo vina ndugu ng'ambo. Mboga iliyoungwa kwa karanga utaikuta Ileje, utaikuta Malawi, na Zambia wanaiita ifisashi.

Kwingine duniani wageni husafiri ili kujifunza upishi wa wenyeji. Huko Vietnam, karibu na mji wa Hội An, kuna kijiji cha wakulima wa mboga kiitwacho Trà Quế. Wageni hukitembelea kwa baiskeli, huona matuta ya mboga yanayorutubishwa kwa majani ya majini, hupita sokoni, kisha huketi jikoni kufundishwa kupika. Mwaka 2024 shirika la utalii la Umoja wa Mataifa lilikiingiza katika orodha yake ya vijiji bora vya utalii duniani. Hapa nyumbani, Mto wa Mbu, wageni huzungushwa kwa baiskeli kati ya migomba na mpunga, kisha hula chakula kilichopikwa na akina mama wa pale, chini ya mpango wa utalii wa utamaduni ulioanza miaka ya 1990. Mpangilio huo wa njia, soko na jiko unafuata kazi yenyewe inavyokwenda. Binti anayelelewa Mbebe hujifunza kwa mpangilio huohuo bila mtu kumwandikia ratiba, na mwalimu wake huwa ni mama, shangazi au bibi.

Tuanze na njia. Baiskeli ya huku ni chuma kizito chenye karia pana. Leo inabeba gunia, kesho mkungu wa ndizi, keshokutwa mgonjwa. Kwenye mteremko unabana breki, kwenye kilima unashuka na kuisukuma, na mwendo huo wa taratibu unakupa nafasi ya kulitazama shamba. Utaona mahindi yamesimama, maharage yametanda miguuni pake, na mboga ya maboga inatambaa katikati. Maharage yanaipa ardhi naitrojeni, majani mapana ya maboga yanafunika udongo usikauke. Wenyeji wa Amerika walipanda mazao hayo matatu pamoja kabla hayajafika Afrika, na mkulima wa huku anayachanganya vivyo hivyo kwa sababu udongo umemwonyesha faida yake. Mpishi anayepita hapo anajua mengi kabla hajafika sokoni. Anajua nani aliwahi kuvuna, nani alichelewa mvua ikamnyeshea maharage yakiwa yameanikwa, na nani mboga yake bado ni laini. Maarifa hayo hayaandikwi kwenye gunia.

Sokoni ndipo ufundi unapoanza kuonekana kwa macho. Siku ya gulio maharage humwagwa juu ya maturubai kwa rangi zake: ya njano, mekundu, meupe, na yale ya zambarau yenye madoa ambayo watu wa Nyanda za Juu Kusini wanayaita kablanketi. Kati yake zimo mbegu zilizotoka kituo cha utafiti cha Uyole, Mbeya, kama Uyole 96 na Njano Uyole, zikiwa zimelala ubavuni mwa mbegu za mabibi. Mnunuzi asiyejua huvutwa na rangi. Mpishi huchota konzi moja, huipuliza, huangalia kama kuna punje zilizobunguliwa, kisha huuliza.

"Mama, shikamoo. Haya ni ya msimu huu?"

"Marahaba, mwanangu. Ya juzi tu hayo. Tafuna uone."

Naye hutafuna kweli. Anaweka punje moja kwenye meno ya pembeni na kubana polepole. Punje ya msimu huu inakubali kidogo kabla ya kuvunjika. Ya zamani inalia kama changarawe. Kipimo hicho kina sababu nzito. Maharage yaliyokaa ghalani muda mrefu kwenye joto na unyevu hugoma kulainika, hata uyachemshe kutwa nzima. Anayenunua maharage ya namna hiyo kwa bei rahisi atalipa tofauti yake kwa kuni, na kuni ni mgongo wa mtu. Kwa hiyo punje moja kwenye jino ni hesabu ya mafuta, muda na jasho iliyofanywa kwa sekunde mbili. Baada ya hapo ndipo sado inapojazwa mpaka ikaweka kichuguu, mnunuzi akaomba nyongeza, muuzaji akatupia konzi nyingine, na wote wawili wakaachana wakiwa wameridhika.

Sasa jikoni. Kande ina sifa ya kuwa chakula chepesi kupika: mahindi, maharage, maji, moto. Anayesema hivyo hajawahi kuipika ikamridhisha bibi. Mahindi hulowanishwa kidogo na kutwangwa kwenye kinu kwa mapigo mafupi, kwa sababu kinachotakiwa ni kung'oa ganda bila kuvunja punje. Mtwangaji hodari husikia wakati wa kuacha. Sauti ya mchi hubadilika pumba zinapoanza kujitenga. Halafu ungo. Kupeta ni kazi ya viwiko na pumzi: punje zinarushwa, pumba zinakwenda na upepo, chenga zinakusanyika ukingoni. Mtoto anayejifunza humwaga nusu chini na kuambiwa aokote. Haendi kulala mpaka mkono wake uelewe.

Kinachofuata ni subira inayofanya kazi. Mahindi yasiyolowekwa vya kutosha hutangulizwa motoni, maharage mapya hufuata baadaye, ili vyote viwili vifike pamoja. Mpishi hakai na saa. Anasikiliza. Chungu chenye maji ya kutosha huchemka kwa sauti nene. Maji yakipungua sauti inakuwa nyembamba na ya haraka, naye anajua kabla harufu ya kuungua haijamfikia. Akiongeza maji, anaongeza ya moto, kwa kuwa aliyaweka pembeni mapema. Moto wa mafiga anauongoza kwa kusogeza kuni ndani au kuzivuta nje, upana wa vidole viwili tu. Chumvi huja mwishoni. Kitunguu na nyanya hukaangwa kando, na karanga zilizotwangwa humiminwa wakati punje zimepasuka na mchuzi umeanza kushika, huku mwiko ukizunguka bila kupumzika zisigande chini.

Kando ya chungu kuna kazi nyingine ambayo mgeni huidharau: kumenya msusa. Jani la maboga likipikwa na nyuzi zake hukwaruza koo. Fundi hushika kikonyo, hukivunja karibu na ncha bila kukikata, kisha huuvuta utepe mwembamba wa ganda kutoka chini kwenda juu mpaka unatoka na mishipa ya jani. Anarudia upande wa pili. Jani likimtoka mkononi ni laini kama kitambaa cha hariri. Rundo zima linamalizika huku anazungumza habari za kijiji wala haangalii vidole vyake.

Mwaka 2017 UNESCO iliingiza nsima ya Malawi katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika wa binadamu. Nsima ni ugali huuhuu, unaosongwa kila jioni kwenye kingo zote mbili za mto Songwe. Kilichotambuliwa hakikuwa unga. Ni maarifa ya kuanika na kukoboa, ya kusonga, ya kula pamoja, na ya kumrithisha mtoto hayo yote. Heshima iliyotolewa upande mmoja wa mto inamhusu pia mpishi wa upande huu, hata kama jina la nchi yake halikuandikwa.

Ufundi huo una kikomo chake, na mpaka wetu na Zambia umetuonyesha hilo. Chikanda ni chakula kinachopendwa sana Zambia: viazi vya okidi hukaushwa na kusagwa, vikapikwa kwa karanga, pilipili na magadi mpaka vikashikana vikakatwa vipande kama mkate. Hapo kiungo kikuu ni mmea wa hapahapa Afrika. Lakini kiazi kikichimbuliwa mmea unakufa, na okidi huchukua miaka mingi kukua. Okidi zilipoanza kuadimika Zambia, wachimbaji waligeukia nyanda zetu, na magunia yakapita Tunduma. Mwaka 2005 Kitulo, uwanda wa maua ambao wenyeji wanauita Bustani ya Mungu, ulifanywa hifadhi ya taifa, na maua hayo yalikuwa sababu kubwa. Mpishi mzuri anaujua mmea wake kiasi cha kujua pia wakati wa kuuacha. Bibi anayechuma msusa huacha ncha zinazotambaa ili mboga iendelee; kanuni hiyo ni sehemu ya upishi kama ilivyo chumvi.

Ninasikitika ninapoona elimu hii ikiitwa kazi ya kawaida ya nyumbani, jambo ambalo kila mwanamke eti anazaliwa nalo. Hakuna anayezaliwa akijua kusikiliza chungu. Amefundishwa na mtu, kwa miaka, na alikosolewa mara nyingi. Fundi seremala tunampelekea vijana na tunalipa. Mpishi wa kande anastahili hivyohivyo: aitwe mwalimu, alipwe mgeni anapokuja kujifunza kwake, na wavulana wapelekwe kwenye ungo pamoja na dada zao, kwa sababu njaa haichagui. Barabara ya lami inayotoka Mpemba hadi Isongole inaweza kuleta wageni Ileje kama inavyopeleka mazao nje. Wakija, wasiishie kuonyeshwa mandhari. Wapewe baiskeli, wapelekwe gulioni, waambiwe watafune punje.

Mbegu nyingine zitakuja. Watafiti watatoa aina mpya, mvua zitabadilika, na mazao ambayo leo hatuyajui yatafika milimani kama mahindi yalivyofika. Hakuna haja ya kuyaogopa, maadamu yupo wa kuyapokea, kuyaonja, kuyajaribu kwenye moto na kuyapa nafasi kwenye sahani. Mababu zetu walikuwa naye, na ndiyo maana leo tuna kande. Sisi bado tunaye. Wajibu wetu ni kumpa wanafunzi.